Mpaka Rangi Hayumo

Berlin, 20 Novemba 1922

Dada yangu Glasha,

Kaa kitini kwanza, ndipo uendelee kusoma. Kama umeshika sufuria, iweke chini. Hujambo, dada? Kifua chako hakikusumbui baridi hii? Mimi sijambo, nakula, nalala, asubuhi nakohoa kidogo. Anayekuandikia ni mimi Senya, Arseni mdogo wako, na si mzimu.

Juzi Zinaida Arkadyevna, yule aliyeigiza bibi harusi jukwaani mpaka akafika miaka hamsini, aliingia kwenye mgahawa tunamokutana Warusi wa hapa. Aliponiona akajipiga msalaba mara tatu na kikombe kikamtoka mkononi. "Senya," akasema, "wewe si tulikuzika!" Ndipo nikajua kwamba picha yangu imetundikwa kwenye ukumbi wa jumba lenu la maigizo, ina utepe mweusi. Ndipo nikajua pia kwamba mama hayupo tena. Nimelia, dada. Nimelia mbele ya wahudumu wa Kijerumani na sikuona haya.

Sijui mzee Savely, mvuta mapazia wenu, aliwaambia nini. Tuliagana mjini Rostov wakati wa vita, yeye akirudi kwenu na mimi nikiwa hoi kwa homa. Mji ulikuwa fujo tupu, watu wanazikwa bila majina. Labda alinichanganya na mtu mwingine. Niambie mama alikufaje. Niambie yote.

Sasa nikuchekeshe kidogo, maana najua unalia. Nimekuwa mwigizaji wa filamu! Wajerumani wanatengeneza filamu ya kile kitabu ulichonisomea nilipougua surua, cha mwanafunzi anayemuua kwa shoka bibi kizee anayekopesha watu kwa rehani, halafu dhamiri inamtafuna mpaka anakwenda kujisalimisha. Waigizaji wote ni sisi tuliotawanyika. Mimi nimepewa nafasi ndogo, yule kijana mpaka rangi ambaye hakuua mtu, lakini anakuja kumpigia mpelelezi magoti na kusema, "Mimi ndiye." Nina miaka thelathini na minane, ila wakishanipaka unga eti naonekana ishirini na mitano.

Wametujengea Petrograd ya mbao na turubai. Nyumba zimeinama, ngazi zinakwenda upande kama mlevi anayetafuta mlango wake. Tunapakwa manjano usoni, kwa sababu kamera inaona wekundu kuwa weusi. Pembeni anakaa mzee mmoja anapiga fidla ili tupate kulia. Na hakuna sauti, Glasha! Tunasema maneno yote ya kitabu, kwa Kirusi safi, na hakuna atakayeyasikia. Mjerumani anazungusha mpini wa kamera huku anajiimbia wimbo wake. Nikisahau neno natazama chini kutafuta kile kishimo chako mbele ya jukwaa, unamokaa kutukumbusha maneno, nisikie unavyoninong'oneza. Chini kuna nyaya tu.

Nijibu upesi.

Mdogo wako,
Senya


Petrograd, 14 Desemba 1922

Senya, mdogo wangu,

Hujambo, marehemu? Kaburini kuna baridi? Mimi sijambo, kifua ni kilekile, miguu ni ileile, moyo ndio nusura usimame barua yako ilipofika. Sikukaa kitini. Nilikaa sakafuni, maana kiti tulikichoma mwaka wa ishirini.

Wewe mtoto! Miaka mitatu nakupikia ngano ya matanga. Mwaka wa njaa ngano haikuwepo, nikakupikia shayiri bila asali na nikakuomba radhi. Kila Jumamosi ya marehemu nimeliandika jina lako kwenye karatasi, chini ya jina la baba, kwa mwandiko wangu mzuri. Jana nimekwenda kwa Padri Varsonofi nikamwambia akuhamishie kwa walio hai. Akavuta ndevu. "Glafira Lukinichna, tumemwombea pumziko la milele miaka mitatu. Sasa nitamwambia nini Mungu?" Nikamwambia, "Mwambie tulikosea, baba. Si mara yetu ya kwanza." Wale bibi wanaouza mishumaa wanasema mtu aliyeombewa matanga akiwa hai huishi sana. Basi utatuzika sote.

Umeuliza habari za mama. Sikiliza. Savely alifika Desemba ya mwaka wa kumi na tisa, ana theluji mpaka kwenye nyusi. Mama alikuwa kitandani, anakungoja wewe. Savely akasimama mlangoni akasema umemfia mikononi. Alieleza neno kwa neno: ulitaka dirisha lifunguliwe, ukasema, "Mwambieni mama nasikia kengele za nyumbani," kisha ukafumba macho. Nani angeweza kubuni hayo? Mimi nilipiga ukelele mpaka majirani wakaja. Mama alifariki siku ya tano. Habari za siku zile tano siandiki.

Kwa hiyo leo asubuhi nimekwenda jukwaani. Savely alikuwa anapigilia misumari kwenye pazia la msitu, maana msitu wa zamani tuliutia jikoni tukaota moto. Nikamsomea barua yako mbele ya kundi zima. Nikamuuliza, "Savely Prokofich, kaburi la ndugu yangu liko wapi?" Akavua kofia. Nikamwambia, "Sema!" Akasema, "Nilikosea, Glafira Lukinichna."

"Ulikosea? Mtu hukosea msumari, hukosea mlango. Mtu anakosea maiti?"

Watu wakacheka. Sasa hakuna anayemsalimu. Njia ya mwongo ni fupi, Senya, na hii imefika mwisho. Uongo wa yule mzee ndio uliomuua mama yetu, na mimi sitamsamehe.

Lakini wewe uko hai! Nalisema peke yangu nikiosha vyombo. Andika unakula nini, umevaa nini, nani anakushonea vifungo.

Dada yako,
Glasha


Berlin, 9 Januari 1923

Dada yangu mpenzi,

Salamu nyingi za mwaka mpya, na za Krismasi pia, maana sisi huku tunasherehekea mara mbili na Wajerumani wanatuona walafi. U mzima? Miguu imepata soksi? Mimi ni mzima. Nakula viazi na samaki wa chumvi. Vifungo nashona mwenyewe, vibaya, mama angevikata vyote aanze upya.

Barua yako naisoma kila siku. Jana wakati wa kupakwa rangi nilikumbuka ile safari ya mto Volga, kiangazi cha mwaka wa kumi na mbili. Unakumbuka? Kundi zima juu ya sitaha ya meli, mapazia yamefungwa kwa kamba, na mama katikati anashona na pini mdomoni, hawezi kusema, anatutukana kwa macho. Mjini Kamyshin tulinunua matikitimaji tukala mpaka Saratov. Kule Kineshma paa la ukumbi lilivuja, ukaingia kishimoni na mwavuli, na watazamaji wakaona ncha yake inachomoza mbele ya jukwaa wakadhani ni sehemu ya mchezo. Wakapiga makofi! Ulikuwa unaninong'oneza maneno huku unapiga chafya, nami nikayarudia pamoja na chafya zako. Tulikuwa na furaha, dada, na hatukujua kwamba ile ndiyo furaha. Tulidhani ni mazoezi.

Kazi yangu huku haiendi vizuri. Ile sehemu ya kupiga magoti tumeirudia siku tatu. Mkurugenzi ananiambia kwa mkalimani, "Bwana, huyu anakiri, lakini uso wako unaficha kitu." Mzee wa fidla amechoka, nyuzi mbili zimemkatikia. Sijui nina nini. Ni sentensi moja tu, tena haisikiki.

Kuhusu Savely, usimbane mno. Ni mtu mzima, na Rostov ile ilikuwa na homa na vumbi. Mtu angeweza kuchanganya. Mwacheni.

Theluji ya huku ni maji matupu. Nakukumbuka sana.

Mdogo wako,
Senya


Petrograd, 20 Februari 1923

Senya,

Hujambo? Barua yako imenichekesha na kuniliza kwa mkupuo mmoja. Mimi ni mzima, tumbo limejaa chapati za maji, maana wiki ya chapati imekwisha juzi na Kwaresima imeingia.

Nina jambo. Jumapili ilikuwa siku ya kuombana msamaha. Kundi zima lilikusanyika jukwaani baada ya sala, kama desturi. Tukainamiana: nisamehe, Mungu atasamehe nami nasamehe, nisamehe na mimi. Hata wale wawili wanaogombea kioo tangu enzi za mfalme walibusiana. Savely alikuwa mlangoni. Siku hizi anakunywa chai yake mlangoni, hakuna aliyemfukuza, ila wakimwona wanasogeza vikombe vyao. Akaja katikati. Mzee wa miaka sitini na mitano, magoti yanalia, akainama mbele yangu mpaka paji la uso likagusa mbao. "Glafira Lukinichna, nisamehe kwa uongo nilioleta nyumbani kwako."

Watu wote wananitazama. Nikasema, "Mungu atasamehe."

Ile nusu ya pili, nami nasamehe, haikutoka, Senya. Nilimwona mama kitandani. Savely akangoja kidogo, akainuka kwa kushika kiti, akasema ahsante. Ahsante! Na alinitazama kwa namna ambayo sikuipenda. Haikuwa haya. Ni kama alikuwa ananionea huruma, mimi!

Tangu hapo sina raha. Wewe ndiye uliyekuwepo Rostov. Mlikuwa wawili tu mliojua. Niandikie wazi jinsi mlivyoagana, saa ngapi, alisema nini, ulisema nini. Kama nimemwonea mtu mzima mbele ya watu, nijue. Mimi ni mkumbushaji, kazi yangu ni kujua kila mtu alisema nini.

Dada yako,
Glasha


Petrograd, 2 Aprili 1923

Senya,

Hujambo? Mbona kimya? Uliandika upesi ulipokuwa marehemu.

Mimi nipo. Jumapili ijayo ni Pasaka. Savely ameaga kazi. Anasema magoti hayapandi ngazi tena, lakini wote tunajua sababu. Baada ya sikukuu anakwenda kwa binti yake, kijiji kimoja huko Vologda. Miaka thelathini na moja amevuta mapazia ya jukwaa letu, na hakuna aliyemwandalia hata chai ya kumuaga. Nilitaka kumwandalia. Mikono ikakataa.

Nijibu swali langu.

Glasha, dada yako


Berlin, 24 Aprili 1923

Dada Glasha,

Sikuulizi hali. Sistahili kuuliza.

Leo wametuonyesha filamu iliyokamilika. Tulikaa gizani Warusi wote, tumevaa suti tulizoazimana, tunashikana mikono. Mwanafunzi anapanda zile ngazi zilizoinama, shoka liko ndani ya koti, na mimi nasubiri zamu yangu. Nikasubiri. Mwanafunzi akakiri, taa zikawashwa. Mpaka rangi hayumo! Wamemkata wote, tangu ndoo mpaka magoti. Nilimfuata mkurugenzi. Mkalimani akanieleza kwa upole: ilikuwa ndefu, tena mtazamaji wa Kijerumani haelewi, kwa nini mtu akiri kosa asilolifanya? Wenzangu wakacheka. Mimi nilitoka nikaja kukuandikia, kwa sababu mtu huyo namjua, na mlangoni kwenu alikunywa chai peke yake.

Savely hakukosea. Alisema nilichomwambia aseme.

Nilikuwa na homa, hilo ni kweli, lakini nilikuwa nimepona. Habari ilitufikia kwamba mama yu mgonjwa na ananiita. Savely alikuwa amepata njia ya kuvuka, yeye na watu wawili, na nafasi yangu ilikuwepo. Alikuja na mkate wa njiani wa watu wawili, Glasha. Mimi nikasema siendi. Niliogopa mstari wa vita, niliogopa njaa ya Petrograd, na juma lile walikuwa wamenipa nafasi ya kwanza katika mchezo. Ndiyo, hiyo pia. Nilikuwa nimewaahidi ninyi nyumbani kwamba narudi baada ya miezi miwili, na kila siku nilikuwa naona mama anavyotazama mlango. Nikafikiri, mtu aliyekufa hangojwi. Nikamwambia Savely, "Waambie nimekufa." Alikataa kutwa nzima. Nikamwapisha mbele ya sanamu takatifu. Nikamfundisha na maneno, dirisha, kengele, yote, nikamsikiliza akiyarudia kama mtoto na somo. Nilimsahihisha, dada. Nilimwambia anyamaze kidogo kabla ya neno kengele.

Uliponiandikia kwamba mama alikufa siku ya tano, nilijua nani aliyemuua. Mimi sikuhitaji shoka. Hata hivyo nikakuandikia habari za matikitimaji. Mficha uchi hazai, nami nimeficha mpaka mzee wa watu amepoteza kazi, heshima na salamu kwa ajili yangu.

Isome barua hii mbele ya kundi lote, kama ulivyosoma ile ya kwanza. Kisha unifanye unavyotaka. Utepe mweusi kama bado upo, utundike.

Sijui nitie sahihi gani.

Senya


Petrograd, 19 Agosti 1923

Arseni,

Mimi ni mzima. Natumaini nawe pia.

Barua yako niliisoma mbele ya watu wote, kama ulivyotaka. Sikuruka neno. Zinaida yuko huko kwenu, kwa hiyo hakuna kikombe kilichoanguka. Kisha nikaomba ruhusa, nikapanda treni ya Vologda, siku mbili, na siku ya tatu juu ya mkokoteni wa nyasi. Sikukuandikia tangu hapo kwa sababu kila nilipoanza, kalamu ilitoboa karatasi.

Savely nilimkuta uani, anatengeneza lango la binti yake. Nikainama mpaka chini, penye kuku na mavi ya kuku. Akatupa nyundo. "Simama, mama, unaharibu gauni!" Nikasema sisimami mpaka aniambie yote mawili. Akasema, "Mungu atasamehe, nami nasamehe, simama basi, majirani wanachungulia." Nikamuuliza kwa nini hakunena mbele ya wale watu wote. "Niliapishwa," akasema. "Tena aliyeniapisha alikuwa maiti. Kiapo cha aliye hai mtu anaweza kukizungumza naye. Cha maiti utakwenda kukizungumza na nani?" Akacheka mpaka akakohoa. Nikacheka na mimi, sijui kwa nini.

Halafu, kwa kuwa kiapo umekwisha kukivunja mwenyewe, akaniambia jambo ambalo hulijui, nami sikulijua.

Siku ya pili baada ya kufika kwake, nilipokwenda foleni ya mkate, mama alimwita. Akamwambia, "Savely, hebu nirudie Senya alivyokufa." Akarudia. Mama akasema, "Tena." Alipofika kwenye kengele, mama akaanza kucheka, na kile kifua chake, mpaka Savely akamshika asianguke. "Ni yeye huyo!" akasema. "Hiyo ni ile tamthilia ya baharia, kitendo cha nne. Shati la kufia nilimshonea mimi, na kila usiku alikuwa ananyamaza kidogo kabla ya kengele. Yu hai mwanangu. Yu hai, na anaona aibu."

Mara arobaini nilikunong'onezea maneno hayo kutoka kishimoni, Arseni. Mara arobaini! Na uliponifia kwa maneno hayohayo, mimi nikapiga ukelele.

Savely akapiga magoti pale kitandani. Mama akamwambia, "Glasha usimwambie. Akijua yu hai atamngoja mlangoni mpaka azeeke. Akijua hakutaka kuja, atamchukia. Mwache amlie, kulia kuna mwisho. Na siku Senya atakapojitokeza, maana atajitokeza, yule hawezi kukaa bila watazamaji, mwambieni mama hakukasirika. Mwambieni hajui kufa. Hakuna mtu anayekufa kwa sauti nzuri namna ile." Kisha akaomba chai. Siku tatu zilizobaki alikuwa mchangamfu, alikuwa anatabasamu peke yake, na mimi nikadhani huzuni imemharibu akili. Ndiyo maana sikutaka kuziandika siku zile. Mama hukumuua. Aliuawa na mapafu yake na baridi ya chumba kile, naye alikufa akiwa na furaha kwamba uko mahali fulani na unakula.

Basi hilo lako, nimekuletea kama nilivyoagizwa, bila kupunguza. Mama amekusamehe kabla hujaomba.

Sasa langu. Ninyi watatu mlijua, wewe, mama na Savely, na mimi peke yangu nikalia miaka mitatu. Nilikulilia kwenye foleni ya mkate, nilikulilia kishimoni taa zikizimwa, nilivaa nyeusi mpaka ikawa kijivu. Mchumba mmoja alikuja mwaka wa ishirini na moja, mtu mwema, nikamwambia nina matanga. Hayo hayapo kwenye msamaha wa mama. Mama alikuwa na moyo mkubwa, mimi nimepata kifua chake tu. Nimejaribu, Senya. Juzi nimejaribu tena, nikiwa natembea kando ya mto, na nilipofika darajani nilikuwa na hasira kuliko nilipoondoka nyumbani.

Savely nimerudi naye. Kundi lilimpokea kwa chai na kilio, na yule mnafiki anayecheza wafalme alimbusu mikono yote miwili. Anavuta mapazia akiwa amekaa kitini. Anakusalimu. Nimeandika salamu hizo kwa sababu ameniomba mara mbili.

Hiyo filamu wanasema itafika huku. Nitakwenda kuiangalia, ingawa humo hayumo ninayemtaka.

Niandikie. Sikusema nimekusamehe, nimesema niandikie.

Wa tumbo moja nawe,
Glafira